Gobore limefyatuka shambani: ni W33.0 au W33.7? Watu wa kumbukumbu za wagonjwa, njooni

Binti_wa_Sahare (mwanzisha uzi)

Wakubwa shikamooni, wenzangu habari za jioni. Niko kitengo cha kumbukumbu za wagonjwa kwenye hospitali moja ya mkoa huu wetu wa Tanga, jina halina haja. Nina ubishi na mwenzangu wa dawati la pili. Umeanza asubuhi, masjala imefungwa hakuna aliyemwachia mwenzake, nimeona niulete huku kwa wakongwe.

Faili liko hivi. Mkulima wa upande wa Handeni alikuwa dunguni usiku analinda mahindi, maana ngiri mwaka huu hawana adabu. Wakati anashuka ngazi gobore liko mkononi, mdomo unaangalia chini, mtambo ukanasa kwenye ufito, likafyatuka. Mguu wa kulia, muundi umevunjika katikati, picha inaonyesha vipande vya chuma vimo ndani. Tundu la kuingilia ni dogo, ukipitisha jicho haraka hulioni. Daktari kaandika: "Jeraha la gobore mguu wa kulia, muundi umevunjika." Basi. Hayo mengine ya dungu na ngiri nimeyapata kwenye maelezo ya nesi wa mapokezi.

Kwenye namba za ICD-10, zile za kuainisha magonjwa na vyanzo vya majeraha, mimi nimeweka W33.7. Mwenzangu anasema W33.0, tena anataka nyuma tumalizie na herufi XA. Na mvunjiko anataka tuandike wa kufunga, eti mfupa hauonekani. Nani kashika penyewe?

Kange_Stendi

Mimi W na X zenu sizijui, ila ngiri nawajua vizuri. Niko siti ya nyuma, endeleeni.

Mpwa_wa_Ughaibuni

Da Sahare, muulize mwenzako kama anasoma kozi ya mtandaoni ya Wamarekani. Nina hakika anasoma. Mimi ndiyo kazi yangu huku, na hiyo XA ni yetu.

Vitabu ni viwili na vinafanana sura. Kipo cha ICD-10 cha Shirika la Afya Duniani, ndicho mnachotumia huko. Kipo na cha Marekani, ICD-10-CM, kilichoanza kutumika hospitalini huku tarehe 1 Oktoba 2015. Herufi tatu za mwanzo zinakubaliana: W32 ni bastola iliyofyatuka kwa ajali, W33 ni raifo, shotgani na silaha kubwa zaidi, W34 ni silaha nyingine au isiyotajwa. Baada ya nukta ndipo kila mtu anashika njia yake.

Kwa Wamarekani tarakimu baada ya nukta inasema silaha ilifanya nini. 0 ni imefyatuka, 1 ni imeharibika, yaani imepasuka au kipande chake kimemrukia mtu. Kisha inafuata aina: W33.01 shotgani, W33.02 raifo ya kuwindia, W33.09 silaha nyingine kubwa. Halafu X ya kujaza nafasi ili herufi ya mwisho ikae ya 7, na hiyo ya mwisho ni A kwa matibabu yanayoendelea, D kwa marudio ya uponaji, S kwa athari za baadaye. Kwa hiyo kwangu mimi gobore lako ni W33.09XA. Mahali tunapaandika kwa namba nyingine kabisa, Y92.73, shamba la mazao. Banda la kuku lina yake pia, Y92.72, msinicheke.

Kwa kitabu chenu tarakimu baada ya nukta inasema mahali. Hayo nawaachia wa huko.

MzeeKalamu

Marahaba binti. Huyo mpwa kasema kweli, namalizia.

Katika kitabu cha Shirika, kuanzia W00 hadi Y34 tarakimu ya 4 ni mahali tukio lilipotokea, isipokuwa sehemu chache. 0 ni nyumbani. 1 ni makazi ya taasisi kama bweni au nyumba ya wazee. 2 ni shule, hospitali na majengo ya umma. 3 viwanja vya michezo. 4 barabarani. 5 maduka na huduma. 6 kiwandani na kwenye ujenzi. 7 shambani. 8 mahali pengine palipotajwa, kama ufukweni, baharini au msituni. 9 hapakutajwa.

Basi mwenzako akiandika W33.0 humu kwetu, atakayesoma huko juu ataelewa kwamba gobore limefyatuka nyumbani. Likipasuka mtutu naye akaandika W33.1 kwa fikra za Kimarekani, itasomeka ajali imetokea bwenini. Namba moja, habari mbili zisizojuana. Na kompyuta haitapiga kelele kwa sababu namba zote ni halali.

Wewe W33.7 yako iko sawa. Ila angalia: kitabu kinasema shamba ni ardhi inayolimwa na majengo yake ya kazi, nyumba ya kuishi mkulima na uwanja wake inarudi kwenye 0. Dungu liko katikati ya mahindi, halina ubishi, 7. Lingefyatukia kibarazani wakati analining'iniza ukutani ungeandika W33.0, hata kama nyumba imezungukwa na mahindi pande zote.

Barabara_ya_8

Mzee samahani, gobore limekuwaje raifo? Mimi nisiyesoma ningelipeleka W34 huko kwa "nyingine".

MzeeKalamu

Swali zuri na wengi huteleza hapo. W32 ni ya silaha ya mkono mmoja, bastola. W33 ni silaha ndefu ya kuwekwa begani na kuendelea hadi bunduki ya rashasha. W34 imetajiwa bunduki za upepo, bastola za kurushia miali ya ishara, na jeraha lolote la risasi ambalo silaha yake haikutajwa. Gobore lina kitako na mtutu mrefu, linashikwa mikono miwili. Kutengenezwa na fundi wa kijijini hakulifanyi kuwa bunduki ya upepo.

Gombero_kwetu

Mimi ni mtu wa shamba, naongezea lililo la kwangu. Gobore halina kizuizi kama bunduki za dukani. Likishashindiliwa limeshashindiliwa, kulitoa ni kulipiga. Ndiyo maana mtu analinda usiku kucha, ngiri hawakuja, alfajiri anashuka na kitu ambacho kiko tayari kabisa. Nimeona vidole vya mguu vikiondoka hivyo, na nimeona mtutu ukifumuka usoni kwa mtu kwa sababu bomba halikuwa la kazi hiyo. Na aliyeumia hasemi gobore. Atakwambia kajichoma na kijiti au kaanguka mwembeni, maana leseni hana na anajua ya kituoni.

Nesi_wa_Zamu

Gombero umenigusa. Analetwa na ndugu watatu, kila mmoja na hadithi yake. Nywele za mguu zimeungua, kidonda kinanuka baruti, wao wamekazana na kijiti. Sheria ya silaha ya mwaka 2015 wanaijua kuliko sisi, ndiyo wanayoiogopa.

Mimi huwaambia hivi: baba, hapa mapokezi sisi si kituo cha polisi. PF3, ile fomu ya polisi, ipo na itajazwa, hilo silikwepi, lakini dokta akijua ni gobore atatafuta vipande vya chuma, kitambaa na masizi yaliyoingia ndani, na sindano ya pepopunda haitasahaulika. Ukisema kijiti atatafuta kijiti. Wengi hapo hulegea. Mgonjwa anayetoka damu anahudumiwa kwanza, PF3 inamfuata kitandani.

Nikishaambiwa naandika maneno yake hasa. "Anasema lilifyatuka akishuka ngazi." Si kazi yangu kusema ni kweli au uongo.

Binti_wa_Sahare

Asanteni sana. Mwenzangu la kozi amekiri, amenitumia alama ya kucheka tu. Ila la mvunjiko bado kakaza. Anasema wa wazi ni ule mfupa uliotokeza nje.

Tabibu_Hale

Mwambie kitabu chenyewe kimemaliza. Kwenye maelezo ya mivunjiko, chini ya wa wazi, wametaja uliotokana na kitu kilichorushwa, wenye tundu la kuchomwa, na wenye kitu kigeni ndani. Risasi imekuwa yote matatu kwa mpigo. Tundu likiwa dogo kiasi gani, ngozi imetobolewa na uchafu umeingia mpaka kwenye mfupa. Ni S82.2 yenye tarakimu ya 5 ikiwa 1, yaani S82.21 kwa kitabu chetu.

Hili si la makaratasi tu. Ukiandika wa kufunga, atakayelipokea faili anaona mguu wa kufungwa plasta na kurudi nyumbani. Wa wazi unaita kuoshwa chumba cha upasuaji na antibiotiki mapema. Tukimpa rufaa ya kwenda Bombo, hospitali ya rufaa ya mkoa, barua ndiyo inayomtangulia, na barua inanakili kilichoandikwa.

Mpwa_wa_Ughaibuni

Dokta, na huku tuna mtego hapo hapo. Namba ya mfupa ikiwa ya mvunjiko wa wazi herufi ya 7 haiwi A, inakuwa B au C kufuatana na ukubwa wa jeraha. Lakini namba ya chanzo, ile ya W, inabaki na A. Wanafunzi wanaoanza huzifananisha na mtihani unawarudisha. Mwambie huyo jamaa wa kozi alikariri.

Tabibu_Hale

Sasa niseme langu ambalo wengi hamtalipenda. Kubishana 0 au 7 ni sawa, lakini mnapoteza jambo kubwa zaidi: nani kasema ni ajali? Daktari aliyemtibu kaandika "jeraha la gobore". Hakuandika ajali. Ninyi mkaenda W moja kwa moja.

MzeeKalamu

Kwa faili hili binti ana maelezo ya nesi, anayo haki. Lakini dokta umepiga palipo na uvimbe.

Tendo lile lile la kufyatuka lina nyumba nne kitabuni. Kwa ajali, W32 hadi W34. Mtu kujidhuru mwenyewe kwa makusudi, X72 hadi X74. Kupigwa na mwingine kwa makusudi, X93 hadi X95. Isipojulikana, Y22 hadi Y24. Tatu tatu, kwa mpangilio ule ule wa bastola, silaha ndefu na nyinginezo. Nyumba ya tano ni Y35.0, risasi ya askari akiwa kwenye kazi ya kukamata au kutuliza ghasia.

Sasa, daktari akiandika "jeraha la risasi" peke yake, nenda kitabu cha 3, sehemu ya 2 ya faharasa, tafuta. Itakupeleka W34. Ajali! Hakuna aliyesema ajali, faharasa ndiyo imeamua. Na mahali hapakutajwa, inakuwa W34.9. Nimeona mafaili ya namna hiyo yamejaa rafu, na ukiyasoma yote kwa pamoja unadhani watu wa mkoa huu hawana kazi ila kujikwaa kwenye bunduki.

Mpwa_wa_Ughaibuni

Huku ni hivyo hivyo na imeandikwa kabisa kwenye mwongozo: nia ikiwa haijulikani au haikutajwa, weka ajali. Ile ya "haijulikani" inatumika pale tu daktari alipoandika kwamba nia haiwezi kubainishwa. Mwaka 2022 ulitoka utafiti wa hospitali 3 za Marekani, watafiti walirudi kusoma mafaili yenyewe mstari kwa mstari. Zaidi ya robo ya waliopigwa risasi na watu wengine walikuwa wamewekewa namba ya ajali. Maelezo mengi yalikuwemo humo humo ndani ya faili, ila si pale anapotazama mtu wa namba.

Barabara_ya_8

Kwa hiyo tiba ni kuweka Y24 kila mahali tusipoambiwa?

MzeeKalamu

La. Y24 si pipa la taka. Imewekwa kwa tukio ambalo daktari au mamlaka ya kisheria ametazama, taarifa zikawa hazitoshi kutenga ajali na makusudi. Wewe kutoulizwa na kutouliza si sawa na kutojulikana. Tiba ni kuinuka kitini. Wodi ziko hapo, daktari yuko hapo, mpelekee faili mwambie, "Dokta, naomba neno moja hapa." Ataandika ajali, au ataandika kapigwa, au ataandika haijabainika, na wewe unaweka namba kwa neno lake. Sisi hatukisii. Mke wa mtu kaletwa na jeraha, mumewe yuko kando anasema lilifyatuka, macho ya mke yako chini... weye mtu wa masjala usijifanye mpelelezi, lakini usiwe wa kwanza kumwandikia yule bwana cheti cha ajali.

Nesi_wa_Zamu

Hapo mzee umesema. Na ndiyo maana naandika "anasema".

Tabibu_Hale

Nakubali sehemu yangu. Lakini mtu wa kumbukumbu anayenifuata nina foleni ya watu inatoka nje ya mlango, aje na swali lililokatwa: silaha gani, ilikuwaje, wapi. Asije na "dokta hii imekaaje".

Saadani_Mpakani

Kwetu huku upande wa hifadhi kuna la askari wa wanyamapori. Jangili akipigwa wakati anakamatwa ni hiyo Y35? Na askari mwenyewe akijipiga anasafisha bunduki?

MzeeKalamu

Wa kwanza ndiyo, Y35.0, ikiwa daktari kaandika hivyo na ilikuwa katika kukamata. Nyumba hiyo haisemi nani ana haki nani hana, inasema tu askari alikuwa kazini kwake. Wa pili hakuna anayekamatwa, ni W33 kama silaha ni ndefu, ajali kama za watu wengine. Sare haibadilishi namba. Ni kama mlinzi wa duka na shotgani yake: ikimfyatukia mwenyewe getini ni W33.5, iwe kampuni ina jina kubwa au dogo.

Barabara_ya_8

Mie ni mtu wa pwani, ya ngiri si yangu. Wale ndugu zetu wanaovua samaki kwa baruti je? Nazungumzia zamani kidogo, kijana kasimama mwambani, chupa imemlipukia kabla hajairusha, kiganja kimekwenda. Nao mnawaweka kwenye silaha?

MzeeKalamu

Baruti ya samaki si silaha ya kufyatua, ni mlipuko. W40, milipuko ya vitu vingine, na mwambani ni 8, kwa hiyo W40.8. Mkono ukikatika kwenye kifundo ni S68.4. Nimeziandika kwa mkono wangu enzi hizo kuliko nilivyoandika za bunduki, na nyingi zilikuja na hadithi ya jiko la mchina limelipuka. Jiko la mchina mtu katoka nalo mwambani saa 11 alfajiri, nguo zote zimelowa chumvi!

Kange_Stendi

Mzee umeniua 😂😂

Mpwa_wa_Ughaibuni

Msisahau kitu kimoja cha mpangilio, maana nimeona picha za mafaili watu wanatanguliza W. Mgonjwa aliye hai, jeraha ndilo kuu, S82.21 inatangulia, W33.7 inafuata kueleza. Huku kwetu ni marufuku kabisa namba ya chanzo kukaa ya kwanza.

MzeeKalamu

Na akifariki mambo yanageuka. Kwenye takwimu za vifo sababu ya msingi ni tukio, siyo jeraha, kwa hiyo W33 ndiyo inabebwa. Ndiyo maana cheti kinachosema "kutokwa damu nyingi" halafu kimya hakitusaidii chochote. Damu imetoka kwa nini? Daktari aandike mpaka chini, mstari wa mwisho uwe gobore kufyatuka.

Binti_wa_Sahare

Swali la kumalizia wakubwa. Tunasikia ICD-11. Haya yote tunayobishania yanakufa?

Mpwa_wa_Ughaibuni

Hayafi, yanabadilisha nguo. Ilipitishwa Mei 2019, ikaanza rasmi tarehe 1 Januari 2022, kila nchi inahamia kwa wakati wake. Majeraha yanaanza na N, vyanzo vinaanza na P, na namba zinaunganishwa kwa alama ziwe mnyororo mmoja: jeraha, kilicholeta, nia, mahali. Ubishi wa nukta utapungua. Ule wa dokta kuandika neno moja utabaki pale pale.

Binti_wa_Sahare

Mrejesho. Leo nilimsubiri daktari akimaliza mzunguko wa wodi, nikamwendea na swali limekatwa kama alivyoshauri Tabibu. Kasoma, kachukua kalamu, kaongeza kwa mkono wake: "Gobore lake mwenyewe, limefyatuka kwa ajali akishuka dunguni, shambani. Mvunjiko wa wazi." Kaweka saini na tarehe. Imeingia S82.21 na W33.7. Mwenzangu kaziandika yeye mwenyewe kwenye kompyuta, mimi nimesimama nyuma nakunja mikono.

Kabaki na moja: mgonjwa akirudi kufunguliwa vyuma, au akija mwakani anachechemea?

MzeeKalamu

Akija tu kufunguliwa vyuma vya ndani mfupa umeshaunga, ni Z47.0. Akiwa angali kwenye matibabu ya mvunjiko wenyewe, namba ni zile zile. Akija baadaye kwa athari yenyewe, mguu umekaa mfupi au umepinda, unaandika hilo linalomsumbua, kisha T93.2 kuonyesha ni masalio ya mvunjiko wa mguu, na chanzo kinahama kutoka W33 kwenda Y86, masalio ya ajali nyinginezo. Kitabu kinahesabu masalio pale daktari aliposema hivyo, au ikishapita mwaka 1 na kuendelea. Kipande cha chuma kilichobaki kwenye nyama na kinamsumbua ni M79.5.

Barabara_ya_8

Na fataki za mkesha wa Idi?

MzeeKalamu

W39. Barabarani, W39.4. Sasa niacheni nikaswali.